Hijira za Wagusii na Watu Waliopokewa Njiani



Maudhui niliyopewa ni hijira za wanadamu na athari zake katika jamii, nayo ni maudhui mapana mno, kwani mwenye kutaka kuyafuata yote ingempasa aanze na kutawanyika kwa wanadamu wa kwanza kutoka bara hili letu la Afrika, apitie mienendo ya Wabantu na ya Waniloti, asafiri na majahazi ya kusi na kaskazi baina ya pwani yetu na Oman, asiwasahau wale waliochukuliwa kwa minyororo, na hatimaye afike kwenye viwanja vya ndege vya siku hizi. Mimi nimependelea kusimama mahali pamoja, juu ya milima hii ya Gusii, maana ni pachache katika Afrika Mashariki ambapo jambo hili huonekana kwa uwazi kama hapa. Watu ambao leo hutajwa kila mahali kuwa wakulima walioshikamana na ardhi yao, wenye mashamba madogo yaliyopimwa na mipaka inayojulikana hadi kwa watoto, walikuwa kwa karne kadhaa wahamiaji wasio na makao ya kudumu. Nami nadai, na nitajaribu kulithibitisha dai langu, kwamba Wagusii hawakuwa kwanza kabila kamili ndipo wakasafiri, bali walisafiri ndipo wakawa kabila, na kwamba kilichowakamilisha ni kule kuwapokea wengine njiani na mwisho wa njia. Kisha nitauliza hayo yanatudai nini sasa, wakati ardhi imejaa na wana wa milima hii wamekuwa wageni katika nchi za watu.

Tuanze na asili. Riwaya za wazee, ambazo Profesa William Robert Ochieng' alizikusanya na kuzipanga katika kitabu chake juu ya Wagusii wa kabla ya ukoloni kilichotoka mwaka wa 1974, husema kwamba mababu walitoka Misri, wakakaa katika pande za Mlima Elgon, na kwamba Mogusii, ambaye jina lake ndilo jina la watu wote, alikuwa na ndugu yake aitwaye Mulogoli, babu wa Wamaragoli wa Vihiga. Riwaya ya Misri husimuliwa pia na Waluhya na Wakalenjini wengi, na inastahili heshima kama kumbukumbu ya watu waliojua kwamba walitoka mbali, upande wa kaskazini. Walakini lugha yenyewe inatoa ushahidi ulio imara zaidi. Mswahili wa Lamu au wa Unguja akimsikia Mgusii akisema omonto, abanto, enyomba, hahitaji mkalimani wa kumwambia kuwa yu miongoni mwa jamaa zake. Na jamaa wa karibu zaidi wa Ekegusii ni lugha za Wakuria, walioko pande zote mbili za mpaka wa Kenya na Tanzania, za Wazanaki na Wangurimi wa mkoa wa Mara, Tanzania, pamoja na hao Wamaragoli walioko kaskazini, ng'ambo ya ghuba ya Winam. Aila moja, basi, imegawanyika pande mbili za ziwa, na katikati wamo Wajaluo, ambao lugha yao ni ya nasaba nyingine kabisa. Mtu akiitazama ramani hiyo peke yake, bila ya riwaya yoyote, atatambua kuwa kuna watu waliosogea.

Walisogea kwa taratibu, na nasisitiza neno hilo, kwa sababu tukisikia hijira tunadhania msafara mmoja wenye kiongozi mbele na ng'ombe nyuma, uliotoka siku fulani na kuwasili siku fulani, ilhali mambo hayakuwa hivyo. Aila chache zilishuka kutoka Elgon zikiufuata mto Nzoia, zikafika Goye katika nchi ya Yimbo kando ya ziwa, zikakaa, zikazaa, zikazika, kisha baadhi yao zikaendelea hadi Alego, nyingine zikabaki. Na kadiri Wajaluo walivyokuwa wakiingia kutoka kaskazini, wakiandamana na ng'ombe zao na kutafuta nchi ya wazi ifaayo kwa mifugo, ndivyo hao waliotangulia walivyozidi kusogea mashariki kupita Kisumu hata wakaingia katika bonde la Kano. Kano walidumu kwa vizazi kadhaa. Huko ndiko ambako, kwa hukumu yangu, zile nasaba zilizokuja kuwa koo kubwa za Wagusii zilianza kutengana na kujulikana kila moja kwa jina lake. Na wale waliokuwa wa Mulogoli walikuwa wamekwisha kushika njia yao ya kwenda zao Maragoli. Wagusii wa zama hizo walikuwa wafugaji kuliko wakulima, na Kano ni nchi ya majani, ingawa pia ni nchi ya mafuriko, ya mbu na ya ukame unaofuatana na mafuriko. Shinikizo la Wajaluo lilipozidi, wakauacha uwanda, wakapanda milimani upande wa mashariki, kuelekea nchi ambayo leo ni ya Kericho, wakapiga kambi Kabianga.

Kabianga ni jina ambalo mzee wa Kigusii halitaji kwa urahisi. Watu waliozoea joto la uwanda walijikuta katika nchi ya juu, yenye baridi na ukungu, ambako wimbi halikukomaa, ng'ombe walikufa, na watoto wachanga walikufa pia. Haihitaji mtu awe tabibu kuelewa jinsi aila iliyotoka bondeni, isiyo na nguo nzito wala nyumba za kufaa, inavyoweza kupukutika katika baridi ya namna hiyo, hasa pale mazao waliyoyategemea yanapokataa kuota. Kadhalika Wakipsigis, waliokuwa wakijitanua katika nchi hiyohiyo, hawakuwaacha wapumue. Nakaa kidogo juu ya Kabianga kwa sababu wanatarikhi hupenda kutueleza hijira kwa hesabu za vita, nani alimshinda nani, na kumbe kilichowaondoa watu mahali mara nyingi ni kaburi la mtoto na mbegu iliyooza ardhini. Walioondoka Kabianga walikuwa wamepungukiwa na watu na mali, na umaskini huo ndio uliowafundisha kile nitakachokieleza punde, yaani thamani ya mtu, hata awe mgeni.

Kutoka Kabianga walielekea kusini, katika nchi inayoitwa leo Trans Mara, na huko wakakutana na Wamaasai wa Siria. Sitarefusha habari za mapigano hayo. Yatosha kusema kwamba walitawanyika, kila ukoo ukakimbilia kwake, na kuanzia mwisho wa karne ya 18 na kuingia ya 19 makundi hayo yaliyotawanyika yakawa yanaingia katika milima ya Gusii kwa milango mbalimbali, mengine kutoka mashariki, mengine kutoka kusini, na wengine, kama Wanchari, ambao hawakuipita njia ile yote, wakitokea upande wa ziwa. Hao ndio Abagetutu wa Kitutu, Abanyaribari, Abagirango waliogawanyika kaskazini na kusini, Ababasi wa Bobasi, Abamachoge wa Majoge, na hao Abanchari. Mwenye kuitazama milima hii yenye mvua nyingi, yenye mito ya Gucha na Sondu, yenye udongo mwekundu unaokubali kila mbegu, atastaajabu kwa nini ilikuwa bado na nafasi, ilhali uwanda ulikwisha kugombaniwa. Jawabu ni kwamba ilikuwa nchi ya misitu, na mfugaji hana haja na msitu. Wagusii waliofika hapa walifika na ng'ombe wachache, na kwa hiyo iliwabidi washike jembe na shoka, wakakata miti, wakalima wimbi juu ya miteremko. Ukulima ambao leo tunadhani ni tabia yao ya asili ulizaliwa kwa dharura.

Sasa niingie katika jambo lililo kiini cha mhadhara wangu. Kati ya makundi yote yale, Abagetutu ndio waliofika na kujikita katika ukingo wa Manga, ule mwamba mrefu ambao mtu akisimama juu yake huona nchi ya chini hadi ziwani. Mahali pale ni ngome iliyojengwa na Mola. Maadui kutoka uwandani hawakuweza kuupanda ukingo bila ya kuonekana, na nyuma yake kulikuwa na msitu na ardhi ya kulima. Kiongozi wao aliyesifika ni Nyakundi, na nasaba yake ndiyo iliyoshika mamlaka Kitutu baada yake. Habari zikaenea miongoni mwa koo zilizotawanyika kwamba Manga kuna amani, na watu wakaanza kuja: waliochomewa nyumba, waliokosana na ndugu zao, waliokimbia njaa, waliokimbia kisasi cha damu. Wengi walikuwa Wagusii wa koo nyingine, lakini wapo waliotoka Ujaluo, na wapo waliotoka mbali zaidi. Mgeni wa namna hiyo aliitwa omomenyi, na wakiwa wengi abamenyi, yaani wakaazi walio chini ya himaya ya wenye nchi.

Nataka tuelewane kuhusu hadhi ya omomenyi, kwa kuwa sina nia ya kuipamba taarikhi. Hakuwa sawa na mwana wa nasaba ya Nyakundi. Ardhi aliyolima alilima kwa idhini, na katika baraza sauti yake haikuwa na uzito uleule. Philip Mayer, mtaalamu aliyekaa Kisii katika miaka ya 1940 akichunguza nasaba na ardhi, aliandika kwa urefu juu ya tofauti hizo baina ya wenye nchi na waliokuja kukaa. Lakini omomenyi alipewa shamba, akapewa ulinzi, akapigana vita vya Kitutu kama mwana wa Kitutu, akaoza mabinti na kuoa, na wajukuu wake wakasahau, au wakaruhusiwa kusahau. Athari yake ni nini? Kitutu ikawa kubwa kuliko koo nyingine zote za Wagusii kwa idadi ya watu na kwa nguvu, ikapata uongozi wa kurithiwa wakati ambapo majirani zake waliendeshwa na wazee wa kila ukoo peke yao, na mahakama yake ya wazee ikawa kimbilio la wenye mashtaka. Nguvu hiyo yote ilitoka kwa wageni. Ingekuwa Nyakundi na watu wake walisimama juu ya Manga wakahesabu nani mwenyeji halisi na nani si mwenyeji, wangebaki ukoo mdogo juu ya jabali, na huenda leo tusingelijua jina lao.

Wala jambo hili halikuwa la upande mmoja. Wakipsigis wana koo zao zenye asili ya Kigusii, zilizoingia kwa kutekwa, kwa njaa, au kwa kuoleana, na wazee wao hawalifichi. Na Wajaluo wa mipakani wana bibi wengi wa Kigusii katika nasaba zao. Masoko yalikuwa mpakani, ambako Mjaluo alileta vyungu, chumvi na mifugo, na Mgusii akaleta nafaka. Na mwaka wa njaa bondeni, mwenye wimbi ghalani alikuwa na uhai wa jirani mkononi mwake. Vita pia vilikuwapo. Karibu na mwaka wa 1890 jeshi kubwa la Wakipsigis liliingia Gusii likashindwa vibaya katika vita ambavyo Wagusii huviita Saosao, na vifo vya vijana siku ile vilikuwa vingi hata vikaingia katika taarikhi ya makabila yote mawili. Mimi nasema tu kwamba vita na ndoa vilikwenda pamoja, na kwamba waliopigana Saosao walikuwa kwa kiasi fulani wajomba na wapwa.

Hebu tuwatazame majirani wengine ambao hijira yao iliishia kwingine. Wasuba wa visiwa vya Rusinga na Mfangano na wa pwani ya ziwa iliyo karibu nao walikuwa Wabantu kama Wagusii, na wengi wao walivuka ziwa katika karne ya 18 wakitoka pande za Buganda na Busoga. Walizungukwa na Wajaluo, wakafanya biashara nao, wakaoana nao, na katika karne ya 20 shule na makanisa vikawafundisha kwa Kijaluo, hata lugha yao ikabaki kwa wazee wachache, hasa Mfangano. Kwa nini Wagusii hawakupatwa na hayo? Milima ni sehemu ya jawabu, kwani iliwatenga. Sehemu nyingine, na kwangu ndiyo kubwa, ni kwamba wao walikuwa wengi wa kutosha kuwameza waliokuja, na walikuwa wengi kwa sababu waliwapokea. Mgeni aliyefika Manga alijifunza Ekegusii. Msuba aliyekuwa peke yake ufukweni alijifunza Kijaluo. Lugha zote mbili zilikuwa na heshima yake, na moja tu ndiyo iliyopata watu.

Kisha wakaja Waingereza. Mwaka wa 1905 kikosi chao kilipanda milimani kikaua watu wengi. Mwaka wa 1907 kituo cha serikali kilifunguliwa Getembe, ambapo ndipo mji wa Kisii ulipo, mahali ambapo, kwa mujibu wa wazee, mtabiri Sakawa alikwisha kupataja kuwa patajengwa na wageni. Na mwezi wa Januari 1908 kijana Otenyo, kwa kuchochewa na Moraa mwenye utabiri, alimchoma mkuki Northcote, mkuu wa wilaya, ambaye hakufa. Adhabu iliyofuata, ya nyumba kuchomwa na ng'ombe kuchukuliwa kwa maelfu, inajulikana, nami sina haja ya kuirudia mbele ya watu ambao babu zao waliiona. Ninalotaka kulitaja ni athari iliyokaa kimya zaidi. Serikali ilichora mipaka. Kabila likawa na hifadhi yake, na baina ya hifadhi ya Wagusii na ile ya Wakipsigis, katika nchi ya Sotik, likawekwa tabaka la mashamba ya walowezi wa Kizungu. Muda mfupi kabla ya Vita Vikuu vya kwanza, vile vijiji vya vijana walinzi wa ng'ombe vilivyoitwa ebisarate vikapigwa marufuku. Watu ambao kwa karne tatu au nne walikuwa wakipata suluhisho la kila dhiki kwa kuhama, sasa waliamriwa wasimame walipo, na waliosimama nao wakaandikwa katika daftari kuwa wa kabila fulani na wa mahali fulani. Hapo ndipo omomenyi alipoacha kuwa mtu wa kupokewa, akawa mtu wa kuulizwa kipande.

Na ilhali mlango wa kuhamia ardhi ulifungwa, mlango wa kuhamia kazi ulifunguliwa kwa nguvu. Vita vya 1914 viliwachukua wanaume wa Gusii kwa wingi katika kikosi cha Kariakoo, kubeba mizigo ya jeshi, na wengi hawakurudi. Kodi ya nyumba ikawatoa wengine. Walikwenda kwenye mashamba ya miwa ya Miwani, kwenye machimbo ya magadi, kwenye reli, na tangu miaka ya 1920 kwenye mashamba makubwa ya chai ya Kericho, yaani katika nchi ileile iliyowazunguka babu zao walipokuwa Kabianga. Safari hii walirudi wakiwa vibarua. Nyumbani wakabaki wanawake, na mzigo wa shamba, wa watoto na wa wazee ukawaangukia wao. Wanaoandika juu ya hijira za kazi huhesabu mishahara. Laiti wangehesabu pia mashamba yaliyolimwa na mikono miwili mahali pa minne.

Mji nao ulikuwa mtoto wa hijira. Askari wa Kisudani waliokuja na jeshi la Waingereza walipewa makazi pembeni ya Getembe, na wajukuu wao, Wanubi wa Kisii, wangali hapo katika mtaa wa Nubia, Waislamu kwa dini, wenye Kinubi chao na Kiswahili chao. Waswahili na Wahindi wakafungua maduka. Wakatoliki wakajenga Nyabururu mwaka wa 1911, na Waadventista wakafuata Nyanchwa muda mfupi baadaye. Soko la Kisii lilijifunza Kiswahili kabla ya shule kukifundisha. Nimewasikia watu wakisema kuwa Wanubi ni wageni hapa. Wapo kwa zaidi ya miaka mia, yaani kwa muda unaotosha babu, baba na mwana kuzaliwa na kuzikwa hapahapa; na kama muda huo hautoshi kumfanya mtu mwenyeji, basi sijui koo ngapi za milima hii zitabaki na haki ya kujiita wenyeji.

Baada ya hayo ikaja neema ya mazao. Kahawa, iliyokuwa haramu kwa Mwafrika karibu Kenya nzima, iliruhusiwa Kisii, Meru na Embu katika miaka ya 1930, na Chifu Musa Nyandusi wa Nyaribari akawa miongoni mwa walioipanda mwanzo. Pareto na chai zikafuata katika miaka ya 1950. Mazao haya yalilipa ada za shule, yakajenga nyumba za mabati, na yakaifanya ardhi, ambayo zamani ilipimwa kwa nguvu za mwenye kuilima, kuwa mali ya hati na kesi. Nyansongo, kijiji ambako watafiti Robert na Barbara LeVine walikaa katikati ya miaka ya 1950, kilikuwa tayari na magomvi ya mipaka baina ya ndugu. Na watoto, kwa baraka ya lishe na ya hospitali, waliacha kufa, wakati desturi ya kuzaa ilikuwa bado ile ya zama za vifo. Sensa ya 2019 iliwahesabu watu 1,266,860 katika kaunti ya Kisii, ambayo ina kilomita za mraba zipatazo 1,300, na watu 605,576 katika kaunti ya Nyamira, ambayo ina zipatazo 900. Sensa hiyohiyo iliwahesabu Wagusii wote wa Kenya ikapata watu 2,703,235. Hata tukichukulia kila mkazi wa kaunti hizi mbili kuwa Mgusii, jambo ambalo si kweli, bado Wagusii zaidi ya laki nane wanakaa nje ya nchi yao ya asili. Hijira, ambayo serikali ya kikoloni ilidhani imeikomesha kwa kuchora mistari, ilikuwa imepumzika tu.

Na ilianza upya mara tu uhuru ulipokaribia. Mashamba ya walowezi katika ule ukanda wa Sotik yalinunuliwa na kugawanywa mwanzoni mwa miaka ya 1960, na upande mmoja ukawa Borabu, ambayo leo ni sehemu ya Nyamira na ambako shamba la mtu mmoja lingetosha ukoo mzima wa Kitutu. Wengine walinunua ardhi Trans Mara, Narok, Nakuru, Molo, Kitale na Eldoret. Walikwenda kwa fedha halali na hati halali. Ndipo katika mwaka wa 1991 na 1992, vyama vingi vya siasa viliporudi, yakasikika maneno kwamba kila mtu arudi kwao, na nyumba zikachomwa mpakani mwa Borabu na Sotik, na katika Bonde la Ufa. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 machafuko yakawa makubwa zaidi: nchini kote walikufa watu zaidi ya 1,100 na laki kadhaa wakakimbia makwao. Wagusii wengi waliokimbia hawakuonekana katika kambi za mahema, kwa kuwa walirudi kwa ndugu zao hapa milimani, wakalala wanane katika chumba kimoja, wakalima robo ya ekari pamoja. Serikali iliwasahau kwa urahisi kwa sababu jamaa zao waliwapokea kimya. Nami naona hiyo ni dhuluma, kwamba ukarimu wa maskini uligeuzwa kuwa sababu ya kumnyima haki yake.

Nasema kwa uchungu, kwani nimewasikia watu wa pande zote wakiitumia taarikhi kuhalalisha maneno hayo ya kila mtu kurudi kwao. Mkipsigis husema kuwa Mgusii alimkuta; Mgusii husema kuwa Kabianga ilikuwa yake kabla ya kuwa ya Mkipsigis; Mmaasai husema kuwa wote wawili walimkuta. Na kila mmoja ana sehemu ya kweli, maana hakuna ardhi katika nchi hii ambayo haikupitiwa na watu kumi kabla ya aliye juu yake leo. Katiba ya mwaka wa 2010, katika kifungu cha 39, inampa kila raia haki ya kuingia, kubaki na kukaa mahali popote pa Kenya, na wengi hukisoma kifungu hicho kama jambo lililoletwa na mawakili wa mjini. Watu wa Manga walikuwa wakiitumia sheria ya kupokea miaka mia mbili iliyopita, tena bila ya kulazimishwa na yeyote, kwa sababu walikwisha kuona Kabianga upande wake wa pili. Napenda wanasiasa wetu, wa Gusii na wa majirani zetu, wajue kwamba wanapomwita raia mwenzao mgeni wanaiacha desturi ya wazee wao, wala hawaishiki.

Na sasa hijira imevuka bahari. Tangu zile ndege zilizowapeleka wanafunzi masomoni mwaka wa 1959 na 1960, na zaidi tangu miaka ya 1990, vijana wa milima hii wamekwenda Marekani, na jimbo la Minnesota limepata jamaa kubwa ya Wagusii, hasa katika vitongoji vya kaskazini-magharibi mwa Minneapolis kama Brooklyn Park. Wengi wao huwatunza wazee na wagonjwa wa nchi ile, usiku na mchana. Wamejenga makanisa, wana vyama vya koo, na mtu akifa hukusanya fedha ili mwili urudishwe ukazikwe kwenye boma la baba yake. Kenya nzima hupokea zaidi ya dola bilioni 4 kila mwaka kutoka kwa wana wake walioko ng'ambo, na zaidi ya nusu yake hutoka Marekani. Nenda Nyamira au Suneka uone ghorofa zilizojengwa na fedha hizo, zimekaliwa na bibi mmoja na msichana wa kazi. Wasichana wengine wamekwenda Saudia na nchi za Ghuba kufanya kazi za nyumbani, na habari zao ni nzito zaidi, kwani wamekwenda mahali ambapo mtumishi hana ukoo wa kumchukua chini ya himaya yake. Hapo ndipo ninapotambua ubora wa ile desturi ya omomenyi pamoja na kasoro zake zote: mtu asiye na jamaa alikuwa na mtu wa kumjibia.

Nina ombi moja kwa Chuo Kikuu cha Kisii, kwa serikali za kaunti zote mbili, na kwa walimu waliohudhuria hapa. Riwaya zilizokusanywa na wanatarikhi wetu wa kwanza zilitoka aghalabu kwa wazee wa nasaba kubwa, wale waliokuwa wenye nchi. Zile za walioingia baadaye, za koo zilizotoka Ujaluo na kuwa za Kitutu, za mabibi wa Kipsigis waliozaa wana wa Gusii, za Wanubi wa Getembe, za aila zilizonunua mashamba Borabu mwaka wa 1964 na za majirani wao wa Sotik, zimeandikwa kidogo sana, na wenye kuzijua wanazidi kupungua. Ziandikwe kwa Ekegusii, kwa Kipsigis, kwa Kijaluo na kwa Kiswahili, na zisomwe katika shule za pande zote mbili za mpaka, tukianza na zile za Nyansiongo na za Sotik, ambako watoto waliokimbia mwaka wa 2008 wamekuwa wazazi na watoto wao wanapita katika njia moja kwenda shuleni.